Gurudumu Katika Pipa la Muhogo

Papa wangu uliyetangulia,

Si Mama. Ni mimi.

Maneno haya sijamwambia mtu yeyote, wala padri, wala rafiki yangu niliyekaa naye dawati moja miaka sita. Lile gurudumu la meno, ambalo ninyi wa kiwandani mliliita pinyo, si Mama aliyelitoa katika gunia lako. Nililitoa mimi, kwa mikono yangu, nikiwa na miaka kumi na mmoja, na ni mimi niliyeweka jiwe mahali pake. Ulikufa ukiamini kwamba ni mke wako. Nilikuona ukianza kuamini hivyo, nikanyamaza.

Nimemaliza masomo, Papa. Majina ya waliofaulu yalisomwa redioni, na langu lilipotajwa Mama alipiga vigelegele uani mpaka jirani akadhani kuna arusi. Mimi niliingia ndani nikakaa kitandani. Tangu hapo sina daftari la kusahihisha wala kengele ya kuitikia, na mtu asiye na kengele hubaki na mawazo yake. Mawazo yangu ni haya. Ndiyo maana ninakuandikia.

Unakumbuka Jumapili zetu? Baada ya misa Mama alirudi nyumbani kutwanga majani ya sombe, nawe ulinishika mkono tukaifuata reli ya Kalemie hadi pale ambapo zamani mabehewa ya makaa ya mawe yalisimama. Makaa yalikuwa yamemwagika kando ya njia, meusi, yanang'aa. Uliokota kipande ukakigeuzageuza kama mtu anayechagua nyanya sokoni.

"Angalia, Feza," ulisema. "Makaa tuko nayo. Pamba inatoka Kongolo na Nyunzu, reli inaileta. Maji, ziwa muzima. Chuma iko mu udongo. Sasa nini njo inakosa?"

Nilikuwa na miaka saba labda. Niliwaza sana, maana nilitaka kukupendeza, kisha nikajibu, "Bazungu."

Ulicheka mpaka ukakohoa. "Mutoto wangu! Bazungu tulikuwa nao miaka na miaka, na kiwanda hata kimoja hakikuzaa kingine."

Swali lako lilikuwa hilo siku zote: kwa nini viwanda viliota kwao kwanza, na kwetu vikaletwa kama mti uliokatwa, unaosimama wima lakini hauna mizizi. Watu wengine huwasimulia watoto wao hadithi za sungura. Wewe ulinisimulia habari za babu, aliyelazimishwa kulima pamba karibu na Kongolo. Shamba lilipimwa na mwingine, bei ilipangwa na mwingine, na asiyefikisha kipimo alilazwa chini akachapwa mbele ya watoto wake. Wewe ulikuwa mmoja wa watoto hao. Ulisimulia bila kupandisha sauti, huku ukitazama makaa mkononi.

"Fimbo ilikuwa rahisi kuliko mashine," ulisema. "Muntu mwenye fimbo hatafuti mashine. Ya nini?"

Sikuelewa wakati ule. Nilielewa tu kwamba ulikuwa na huzuni, na kwamba kiwanda chako ulikipenda hata hivyo. Kilikuwa kiwanda kidogo cha kuchambua pamba, nyuma ya reli. Waliopanda treni kwenda Kabalo hawakukiona mpaka wawe wamekaa upande wa kushoto. Lakini wewe ulikuwa kapita wa mashine, mkubwa wa wenzako. Ulirudi jioni una nyuzi nyeupe katika nywele na nyusi, na Mama alikuambia, "Karibu, Papa Feza, umezeeka tena leo," kisha akakupangusa kwa ncha ya kitenge chake, taratibu, uso mzima. Ulifumba macho wakati huo. Nakumbuka vizuri jinsi ulivyofumba macho.

Halafu kiwanda kikafungwa. Mwenye kiwanda alikuwa amehamia Kinshasa na barua zake zilikwisha kuacha kuja. Wanunuzi wa vyuma chakavu wakaanza kuja na maboti yao, wakichungulia madirisha ya kiwanda. Yaliyofuata nimeyajua baadaye. Papa Kisimba, mzee wenu wa stoo, aliwakusanya akasema kwamba mashine isiyo na viungo haina mnunuzi. Mkafungua viungo vyake vikubwa, kila mmoja akapewa kimoja akitunze nyumbani, kimepakwa grisi na kuviringishwa kwa pamba. Mkala kiapo: kilichofungwa kisifunguliwe mpaka siku ya kurudisha, na mke asiambiwe, wala mtoto, kwa sababu nyumba yenye njaa hutazama chuma ikaona unga. Wewe ulipewa pinyo, kwa kuwa bila hilo vingine vyote havizunguki.

Ulilificha katika gunia nyuma ya makaa ya kupikia. Kiapo ulikishika kuliko wote, Papa. Laiti ungekivunja kidogo tu. Laiti ungeniambia neno moja: usiguse.

Kazi ya pipa ilikuwa yangu. Mama alimenya muhogo, akaanika, akatwanga, akachekecha. Mimi nilijaza pipa maji, nikaloweka, nikatoa. Wewe hukujua mgawanyo huo, maana mwanaume haingii nyuma ya jiko. Muhogo huelea, na usipokandamizwa haulainiki wala uchungu wake hautoki. Mama alikuwa na jiwe bapa alilookota ufukoni alipokuwa bibi arusi. Lilikuwa limeingiwa na weupe wa muhogo mpaka ndani, hata ukilisugua hautoki. Siku moja liliniponyoka, likaangukia kizingiti likapasuka vipande viwili.

Niliogopa. Mama alilipenda lile jiwe kama watu wanavyopenda sufuria ya zamani. Nikatafuta kitu kizito kabla hajarudi kutoka sokoni, nikaona gunia lako. Ndani mlikuwa na chuma cha mviringo, kizito kama jiwe lile na kipana kama lile. Lakini kilikuwa na grisi, na Mama alinifundisha kwamba kitu kichafu hakiingii katika chakula. Basi nililisugua gurudumu kwa majivu na sabuni, jino baada ya jino, mpaka grisi yote ikaisha na chuma kikang'aa. Niliona fahari. Nilijiona msichana msafi. Sikujua kwamba grisi ile ndiyo ngozi yake.

Vile vipande viwili vya jiwe nilivifunga katika pamba yako, nikavitia katika gunia ili lisionekane limelegea. Nilijaribu mara tatu mpaka nikapata fundo kama lako. Nilikusudia kurudisha gurudumu wiki ileile, nikipata jiwe jingine. Wiki ile ikapita. Kisha ikawa mwezi, kisha miezi mingi, na kila nilipolitoa katika yale maji machungu lilikuwa limeliwa zaidi na kutu, nami nikazidi kuogopa, na kwa kuwa niliogopa nililirudisha humohumo. Sijui mtu mwingine anayefanya hivyo. Labda wapo wengi.

Unga wa Mama ulianza kutoka na madoa ya rangi ya wino. Mama alilaumu pipa, akalaumu mvua, akamlaumu mwanamke aliyemuuzia muhogo. "Muhogo gani huu," alisema, "unataka kuandika barua?" Tulicheka wote watatu. Mimi pia nilicheka.

Sasa siku yenyewe. Mfanyabiashara mmoja kutoka Lubumbashi alikuja kutazama kiwanda. Alisema kuta ni nzima, injini inaweza kuamka, pamba bado inalimwa. Kama mashine itakamilika, ataanza kazi. Ulinyoa ndevu. Mama alikupigia pasi salopeti yako ya kazi, ile ya buluu yenye kiraka gotini, ukaicheka jinsi ilivyokunjwa kama ya sherehe. Watoto wote wa mtaa tulikufuateni hadi nyuma ya reli.

Papa Kisimba aliita jina moja moja. Kila kiungo kilipotolewa katika pamba, kinang'aa kwa grisi, watu walipiga makofi kama katika ubatizo. Wewe uliitwa mwisho, kwa heshima. Ulibeba gunia begani, ukalitua polepole, ukafungua fundo langu ukidhani ni lako.

Vikatoka vile vipande viwili vya jiwe. Halafu mtu wa nyuma akasema, "Kapita analeta mawe! Tunajenga kanisa?"

"Hapana," akajibu mwingine, "ni mafiga. Leo tunapikiwa!"

"Pinyo aliila na ndagala wa ziwa!"

Walicheka, kisha wakaacha kucheka. Papa Kisimba hakucheka tangu mwanzo. Alikukaribia akauliza kwa sauti ya chini, "Kapita, ndugu yangu, pinyo iko wapi?"

Wewe ulikuwa umeshika nusu ya jiwe. Uliigeuza. Niliona kidole gumba chako kikisimama juu ya ule weupe. Ulilijua lile jiwe la pipa la Mama tangu ulipooa. Uliinua uso, na katika uso huo nikaona kila kitu kinahesabiwa na kufungwa, mlango kwa mlango.

"Musiulize ku nyumba yangu," ulisema. "Ni mimi njo nilipewa."

"Uliuzisha?"

"Ni mimi."

"Kapita, sema basi, uliuzisha?"

"Nimesema ni mimi."

Mmoja alitema mate karibu na kiatu chako. Wengine walianza kuvifunga viungo vyao tena katika pamba, taratibu, kama watu wanaomvisha marehemu.

Mfanyabiashara hakukasirika. Aliuliza tu ni nani anayeweza kukata gurudumu kama hilo. Hakuna Kalemie, hakuna Kabalo, hakuna Kongolo. Akaandika barua kwa waliotengeneza mashine, ng'ambo ya bahari. Jibu lilipofika lilisema kwamba mashine za namna hiyo walikwisha kuacha kuzitengeneza zamani. Akaondoka kwa treni.

Lakini kabla ya barua hiyo, alasiri ya siku ileile ya mawe, ulirudi nyumbani na kwenda moja kwa moja nyuma ya jiko. Mimi nilikuwa nimetangulia, nimesimama nyuma ya mlango. Mama alikuwa ameketi kwenye mkeka akichekecha unga, akiimba wimbo wa kanisani kwa nusu sauti, mgongo umekuelekea. Uliingiza mkono katika pipa hadi kiwiko. Ulipoutoa ulikuwa na kile kitu, na meno yake yalikuwa kama ya bibi kizee: hapa moja, pale kisiki, pale hakuna. Maji ya muhogo yalikuchuruzika mpaka kwenye kiraka cha goti.

Ukamtazama Mama.

Kati yako na mimi palikuwa na hatua nne. Neno moja lingetosha, hata kilio kingetosha. Mama akageuka, uso wake mweupe kwa unga, akafurahi. "Papa Feza, umerudi mapema! Kazi imeanza?"

Ulikuwa umekwisha kulificha gurudumu chini ya shati. "Bado," ulijibu, ukapita.

Miaka saba sasa. Bado nimesimama nyuma ya mlango ule.

Baada ya hapo ulijaribu kulitengeneza. Ulipata bamba la chuma kutoka karakana ya reli, ukakaa chini ya ukuta wa nyumba na tupa yako, siku baada ya siku, ukichonga meno kwa mkono. Watu waliopita njiani walikuita kwa dhihaka, "Kapita, pinyo imeota?" Nilikuletea maji. Mkono wako ulitoka malengelenge, kisha damu, kisha ukawa mgumu. Na kila mara uliponyanyua bamba na kulizungusha, jino la mwisho lilikosa nafasi. Kosa dogo la kila jino lilikuwa limemsubiri mwenzake, mpaka mwishoni yote yakakutana mahali pamoja.

Siku uliyoacha, uliniita nikae karibu. Ulikuwa umetulia, na utulivu huo ulinitisha kuliko hasira.

"Feza, sasa nimejua," ulisema. "Hii haichongwi na mukono. Inachongwa na mashine ingine, na ile mashine ilichongwa na ingine. Muntu anakuuzisha mashine, lakini mama ya mashine anabakia naye. Sisi tulipewa mutoto. Siku mutoto anagonjwa, mama yake iko mbali."

Ukaweka tupa chini. Sijawahi kuiona tena mkononi mwako.

Mwaka jana darasani mwalimu wetu wa historia alituuliza lilelile swali lako. Aliliandika ubaoni kwa chaki aliyoivunja vipande ili itoshe muhula: kwa nini viwanda vilianza kule na si hapa? Mvulana mmoja akasimama, akamwita "raia" kwa Kifaransa kama ilivyoagizwa. "Sitwayeni mwalimu, ni baridi! Muntu akisikia baridi anakimbia, sisi tunalala."

Tukacheka. Mwalimu akasema, "Basi wanaoishi juu ya barafu wangekuwa wa kwanza. Keti, baridi imekupata kichwani."

Kisha alitueleza polepole, nami niliandika kila neno kwa ajili yako. Alisema mahali pale pa kwanza makaa ya mawe yalikuwa karibu na chuma, na mito ikaunganisha migodi na miji. Alisema vibarua kule walidai mishahara mikubwa, kwa hiyo tajiri aliona faida kununua mashine. Alisema kulikuwa na mafundi wengi wa saa, wa kufuli na wa vinu, waliokaa mtaa mmoja, wakiigana na kuibiana ujuzi. Alisema pia kwamba faida ya kuuza watu, na ya sukari na pamba iliyolimwa na watu waliouzwa, iliingia mlemle, na kwamba baadhi ya watu hao walitembezwa kwenye njia zinazopita katika nchi yetu hii. Alisema nchi nyingine zilizofuata ziliiga kwa kusomesha mafundi wao na kulinda masoko yao, na kwamba sisi hatukuachiwa nafasi ya kufanya hata moja. Aliposema hivyo alitazama mlango, kama watu wanavyofanya wakiogopa kusikiwa, kisha akaendelea.

"Si akili," alisema. "Musikubali muntu awaambie ni akili."

Nilitaka kunyoosha mkono. Unanijua, sijawahi. Nilitaka kusema: mwalimu, babangu alijibu hili kwa tupa. Nilitaka kusema kwamba kule, mtoto akiharibu gurudumu moja, fundi wa mtaa wa pili ana chombo cha kukatia jingine, na kosa la mtoto linakwisha siku hiyohiyo. Anachapwa kidogo, analala. Labda hilo ndilo tajiri analomzidi maskini, kwamba makosa yake ni mafupi. Hapa, jiwe moja lilipasuka, msichana mmoja akawa msafi kupita kiasi, na watu wote nyuma ya reli wakarudi nyumbani.

Sisemi hivi nijisafishe, Papa. Nilipolielewa, ndipo uzito ulipoongezeka. Zamani nilidhani niliharibu chuma. Sasa najua niliharibu kitu ambacho kwetu kilikuwa kimoja tu.

Na bado sijafika kwenye lililo zito zaidi.

Tangu siku ya mawe hukula tena bukari ya muhogo iliyosongwa na Mama. Hukugombana naye. Hukumuuliza. Ulisema tu, "Feza asonge leo, ajizoeze," na kesho yake ukasema hivyo tena. Ulikula ya kwangu ukanisifu: "Huyu anajua." Mama alikuwa akisimama mlangoni na mwiko mkononi, akitabasamu, hajui aweke wapi huo mwiko. Jioni ulipangusa mwenyewe vumbi la tupa usoni. Mimi nilipokea sifa zako, jioni baada ya jioni, kwa mikono ileile iliyosugua pinyo. Nilijua kila tonge lilikuwa limetoka kwa nani na nani alikuwa amenyang'anywa.

Mama alitafuta kosa lake kila mahali. Alidhani una mwanamke mwingine, upande wa Zongwe, kwa sababu ulikwenda huko mara mbili kununua samaki. Alidhani amezeeka. Alibadilisha namna ya kufunga kitambaa. Usiku mmoja alinishika bega akaniuliza, "Nilimukosea papa yako nini?" Nikasema sijui, Mama. Nilikuwa na miaka kumi na minne wakati huo na nilikuwa nimekwisha kuwa mwongo mzoefu.

Kifua chako kilipokuwa kibaya, ile pamba ya miaka yote ikikutoka katika kikohozi, nilikesha nawe. Siku tatu kabla hujaondoka uliniambia, "Mutunze mama yako. Hata kama."

"Hata kama nini, Papa?"

Ukageuzia uso ukutani. Mama alikuwa nje akikuchemshia maji.

Katika matanga hawakuja wengi wa kiwandani. Waliokuja walikaa karibu na njia. Mama aliwahudumia wote sawasawa. Muuguzi wa zahanati alimwambia, kwa kumfariji, kwamba ugonjwa wa kifua humtoa mtu hamu ya chakula, hata cha mkono aliouzoea, na kwamba huanza taratibu, miaka kabla haujaonekana. Niliuona uso wa Mama wakati ule. Ulifunguka. "Kumbe ilikuwa kifua," alisema. Alisema tena siku iliyofuata, kwa jirani, kisha kwa dada yake. Kumbe ilikuwa kifua. Tangu hapo anapata usingizi.

Sasa sikia lililotokea wiki iliyopita. Papa Kisimba alikuja kunipongeza kwa diploma. Amekonda, macho yake yana ukungu. Alituambia mashine imekatwa vipande na kupakiwa kwenye boti. Aliisikia tu, hakwenda kutazama. Mama alimwekea chakula. Alipomaliza kunawa hakula, akaniangalia.

"Feza, mutoto wangu. Papa yako, mbele ya kufa, hakukuambia aliuzisha pinyo kwa nani?"

Mama akasimama. "Bwana yangu hakuuzisha kitu! Kama iko kosa, leta kwangu mimi, nitabeba."

"Mama Feza, keti. Si kwa kulaumu. Mashine imeisha, nitamulaumu nani? Tulikula kiapo pamoja. Nilimupenda kuliko ndugu yangu wa tumbo." Alisogeza sahani pembeni kidogo. "Nataka tu kujua nilimupenda muntu gani."

Wakanigeukia wote wawili. Mzee aliyetaka kurudishiwa rafiki, na mwanamke aliyetaka kubeba kosa asilolijua, akiwa amesimama pale katikati yake hasa.

Nikasema, "Sijui, Papa Kisimba."

Alitikisa kichwa. Alikula kidogo kwa adabu, akaenda zake akishikilia ukuta.

Tangu siku hiyo nimepima, Papa, kama tulivyofundishwa kupima hoja: hizi upande huu, hizi upande ule. Nikimfuata Papa Kisimba kwake nikamwambia, jina lako litasafishika kabla ya Jumapili. Mzee atalia, atakwenda nyumba kwa nyumba, na waliokudhihaki watakuja kaburini na majani ya kufagilia. Unastahili hilo. Lakini habari ikitembea, itafika kwa Mama, naye si mjinga. Atauliza lile jiwe lilifikaje guniani, atauliza ulilitambuaje, atakumbuka ni siku gani ulianza kusema "Feza asonge." Atajua kwamba si kifua. Atajua kwamba ulikaa naye miaka ile yote ukimwona mwizi, ukala kiapo kingine cha kumlinda, na hukumuuliza hata mara moja, "Mama Feza, ni wewe?" Angekujibu kwa neno moja. Hukumwamini kiasi cha neno moja. Na atajua kwamba mimi nililijua hilo, nikakusongea bukari hata hivyo.

Mimi anaweza kunichukia, hilo nimelikubali. Lakini wewe hatakuwa nawe tena wa kumlilia.

Sijui kama hili ninalolifanya ni upendo au ni woga uleule wa nyuma ya mlango, uliokua ukapata diploma. Nimejaribu kuvitenganisha, nimeshindwa. Ninachojua ni kwamba ulikuwa na mizani hiyohiyo siku ya mawe: upande mmoja jina lako, upande wa pili Mama. Uliweka jina lako chini. Ulikosea mtu, Papa, lakini hukukosea kuchagua. Basi mimi nitaliacha jina lako pale ulipoliweka, na nitapita njiani nikisikia watu wakisema mwenzetu aliuza, nami nitainamisha kichwa kama mtoto wa mwizi. Ni haki yangu kusikia hivyo. Tofauti ni kwamba watakuwa wanamtaja asiyehusika.

Mama anakuja kwako kila Jumapili baada ya misa. Anang'oa magugu, anakusimulia bei za sokoni, anakuambia majina ya waliozaa. Asubuhi nyingine anaamka akisema ulimjia ndotoni ukasimama mlangoni bila kuingia. Sasa unaujua ukweli wote, na kule uliko nadhani hakuna kiapo kinachokuzuia. Ukimjia tena, ingia. Mtazame vizuri, mtazame mpaka aone kwamba unamtazama. Mwombe radhi kwa namna yoyote wanayoijua marehemu.

Lakini sababu usimwambie, Papa. Nakuomba, hata akikuuliza. Ibaki kwako na kwangu.

Feza, binti yako